Kumwigiza Mtu Aliyekaa Mbele Yako

Kwa miaka mingi kazi yangu ilikuwa kulia. Kwenye filamu za Bongo nilikuwa mke mkubwa, dada wa marehemu, binti wa kijijini aliyedanganywa na mtoto wa tajiri, na kila nilikopangwa palikuwa na ukurasa umeandikwa "analia". Sisi tuliingia baada ya kizazi cha Kaole, lile kundi la maigizo ya televisheni, wakati soko la Kariakoo linameza kila kinachotoka na filamu nzima inarekodiwa ndani ya siku chache kwenye nyumba ya kuazima. Hapakuwa na muda wa kuitafuta huzuni. Mtu wa vipodozi alikupaka dawa ya kuchua kidogo chini ya macho, machozi yakaja yenyewe, mwongozaji akaridhika. Siidharau kazi ile. Ilinilipia kodi, ilinifundisha kusimama mahali mwanga ulipo na kushika maneno ya kurasa nyingi kwa usiku mmoja. Ila haikunitayarisha kumwigiza mwanamke ambaye yu hai, ana namba yangu ya simu, na amekaa kwenye mkeka pale pembeni akinitazama.

Filamu yenyewe ilikuwa ya mchanganyiko, makala na mchezo ndani ya chungu kimoja. Mwongozaji, kijana wa Dar, alitaka kusimulia maisha ya mkulima wa mwani wa pwani ya mashariki ya Unguja, ule ukanda wa Bwejuu, Paje na Jambiani. Mambo ya leo angeyaonyesha mama mwenyewe, yuko shambani kwake baharini, yuko jikoni, yuko anaanika. Mambo ya zamani, yaani ujana wake, ndoa yake na hasa talaka yake, yangekuwa yangu. Jina lake silitaji. Sote tulimwita Bi Mkubwa, nami nitamwita hivyo hivyo hapa.

Kabla hatujavuka, mwongozaji alinipa filamu moja niitazame: Les Filles d'Olfa, ya Mtunisia Kaouther Ben Hania. Ilishindania tuzo kuu ya Cannes mwaka 2023, ikatoka na L'Œil d'or, tuzo ya pale ya filamu za makala, kwa kugawana na filamu ya Morocco, na mwaka uliofuata ikawania Oscar. Inamhusu Olfa Hamrouni, mama wa mabinti wanne. Wawili wakubwa, Ghofrane na Rahma, walitoroka nyumbani wakaenda Libya kwa watu wa Dola la Kiislamu, wakaishia gerezani hukohuko. Wadogo wawili, Eya na Tayssir, wamo kwenye filamu wakiwa wao wenyewe. Dada zao wanaigizwa na Ichraq Matar na Nour Karoui. Mama naye anayo nafasi yake mbele ya kamera, lakini amewekewa mwigizaji wa kumpokea pale mambo yanapokuwa mazito mno kuyarudia, na mwigizaji huyo ni Hend Sabry.

Hend Sabry si mtu wa kuokotwa. Alianza akiwa msichana mdogo kwenye filamu ya Moufida Tlatli ya mwaka 1994, Samt el qusur, kisha akaenda Misri akawa nyota mkubwa huko. Nilitegemea atambeba Olfa mzimamzima, amfunike. Badala yake anakaa kando yake kwenye kochi, kavaa nguo nyeusi zilezile, anamuuliza maswali, anambishia. Olfa anasimulia usiku wa harusi yake, jinsi alivyompiga mumewe hadi damu iliyoonekana kwenye shuka ikawa ya mwanamume, na Hend anaigiza huku mwenyewe anamwelekeza na wote wanacheka. Mara mwigizaji anambana kwa maswali kuhusu alivyowatendea wanawe. Hapo si mchezo tena, wala si makala ya kawaida, maana mtangazaji wa makala asingethubutu kuuliza kwa sauti ile. Hend amepata haki ya kuuliza kwa sababu dakika chache nyuma alikuwa ndani ya kanga ya mwenzake, tuseme hivyo.

Wanaume wote wa filamu ile wanaigizwa na mtu mmoja, Majd Mastoura. Kuna mahali anaomba kamera izimwe. Wanarekodi jambo ambalo Eya alitendewa, na yeye mwigizaji, mtu mwenye tuzo ya uigizaji ya Berlin, ndiye anayeshindwa. Eya yuko tayari kuendelea. Nilirudisha nyuma nikaangalia tena sehemu ile. Siku zote nilidhani sisi ndio wenye ngozi ngumu na wao ndio wa kulindwa.

Na kuna jambo Ben Hania amelieleza mwenyewe kuhusu kwa nini aliingiza waigizaji. Olfa alikuwa ameshahojiwa sana na vyombo vya habari tangu mkasa ulipojulikana mwaka 2016. Alishajua wanahabari wanamtaka awe mama gani: mama wa kulia, mama wa kujilaumu. Kila kamera ikija, mama yule anatoka. Kwa hiyo mtu halisi alikuwa anaigiza, na waigizaji waliletwa ili kumtoa kwenye uigizaji wake.

Nilisikia maelezo yale nikayaona ya kisomi. Nikafika Unguja.

Siku ya kwanza Bi Mkubwa alitungoja barazani, ushungi umefungwa vizuri, miguu imeoshwa. Kamera ilipowashwa alisema bila kumeza mate: "Sisi akina mama wakulima wa mwani tunaathirika sana na mabadiliko ya tabianchi, tunaomba serikali na wafadhili watuangalie kwa jicho la huruma." Akanyamaza kidogo, akamwangalia mpiga picha, akauliza kama anataka arudie kwa upande wa pili. Alikuwa ameshika tita la mwani na alijua umbali wa kuliinua ili liingie kwenye picha. Televisheni zimefika pale, watafiti wamefika, wanafunzi wa vyuo wamefika, wageni wa hotelini wanarusha droni zao juu ya vichwa vya wanawake kila bamvu, zile siku ambazo maji hukupwa mbali. Bi Mkubwa amehojiwa kuliko mimi. Kwa uzoefu wa kusimama mbele ya lenzi alikuwa kanizidi.

Alichosema hakikuwa uongo. Mwani wa biashara ulianza kulimwa Zanzibar mwaka 1989, na mashamba ya mwanzo yalikuwa huko huko mashariki. Ziko aina mbili zinazolimwa: spinosum, ambao ni mgumu na bei yake ni ya chini, na kotonii, wenye bei nzuri. Maji ya pwani yalipozidi joto, kotonii ukawa unaugua, unapauka, unakatika kwenye kamba na kuondoka na maji. Wengi wakabaki na ule wa bei ndogo. Wanaolima karibu wote ni wanawake. Bi Mkubwa aliyapitia hayo kwa mwili wake. Lakini maneno yalikuwa ya semina, ameyabeba kama yalivyotoka kwa wawezeshaji, na mtu ukimsikiliza unatikisa kichwa, unasikitika, halafu kesho humkumbuki.

Mwongozaji alivunjika moyo. Mimi nilianza kumwelewa yule Mtunisia.

Mabadiliko yalianza bila mpango. Nilikuwa najifunza kufunga mbegu, kwa sababu kwenye filamu ningefunga. Mbegu ni vipande vya mwani wenyewe. Unakata, unakifunga kila kipande kwenye kamba kubwa kwa kikamba chembamba wanachokiita taitai, kamba inajaa vipande kama shanga, kisha maji yakikupwa unaipeleka ukaifunge kwenye vigingi viwili vilivyopigiliwa mchangani. Baada ya wiki sita hivi unavuna. Mimi nilikaa kitako nikakunja uso, nikaweka ile huzuni yangu ya Kariakoo, nikaanza kufunga taratibu ili ionekane. Bi Mkubwa alikuwa anakunywa chai. Akaweka kikombe chini.

"Mwanangu, unafanya nini?"

"Nafunga, Bi Mkubwa."

"Mbona unautazama mkono? Nani anatazama mkono wake? Sisi tunatazamana, tunapiga soga. Na huo uso una nini, umefiwa?"

Akaja akakaa, akanipokonya kamba, na maneno yakaanza kumtoka huku mikono inakwenda. Alisema kwamba huko mwanzo wanaume waliwacheka wakisema wake zao wanalima majani ya baharini. Alisema pesa ya kwanza aliyoishika alinunua godoro, na mama mkwe akauliza godoro hilo limetoka wapi. Alisema jinsi wanawake waliopata mabati kabla ya waume zao walivyoanza kutazamwa. Hakuna hata neno moja la semina. Mpiga picha, Mungu ambariki, hakuwa amezima.

Hapo nikaijua kazi yangu ni ipi. Mtu ukimuuliza maisha yake, anakupa yale aliyozoea kuyatoa. Mtu ukimwigizia maisha yake vibaya mbele ya macho yake, hawezi kuvumilia. Anainuka kusahihisha, na anaposahihisha hana nafasi ya kujipanga. Anayeninyooshea kidole akasema "sivyo" anakuwa ameacha kujitazama mwenyewe, ananitazama mimi.

Tukaifanya ndiyo njia. Kila tukio la zamani nililiigiza kwanza kwa jinsi mswada ulivyosema, kamera moja kwangu, nyingine kwake. Akikubali, tunaendelea. Akikataa, tunamwacha akatae kwa urefu anaoutaka, kisha tunarudia kwa jinsi yake.

Tulipofika kwenye talaka ndipo mambo yakawa mambo.

Mswada ulisema hivi: usiku, mume anarudi amelewa, anasimama mlangoni, anatamka talaka mara tatu, mke anaanguka na kulia. Nimeshaachwa hivyo kwenye filamu nyingi kiasi kwamba ningeweza kuanguka nikiwa usingizini. Aliyepewa nafasi ya mume alikuwa msanii wa mjini, mtu mwenye mke na watoto, mstaarabu. Alisoma ukurasa, akaurudisha. Akasema yeye neno lile halitamki. Mwongozaji akacheka, akadhani ni utani. Yule bwana akataja hadithi maarufu ya mambo matatu ambayo mzaha wake ni kweli na kweli yake ni kweli: ndoa, talaka na rejea. Mwongozaji akasema, lakini huyu si mke wako, unamwambia mwigizaji, talaka inamfikia nani? Bwana akajibu kwamba hukumu ya mambo hayo hataki kuijaribia kwa ulimi wake. Mshika maiki akaingilia, akasema kwa anavyojua yeye hakuna tatizo. Mwingine akasema apigiwe simu sheikh wake. Jua linapanda, betri zinakwisha, watu wazima tunabishana fiqhi katikati ya uwanja na hakuna hata mmoja wetu aliyeisomea.

Bi Mkubwa alisikiliza mpaka akachoka. "Kwani nani kawaambieni alinitamkia?"

Kimya.

Kumbe hakuna aliyemuuliza. Mahojiano yote alikuwa amesema "akaniacha", na sisi tuliotoka kwenye filamu za kulewa na kuanguka mlangoni tukajaza wenyewe kilichobaki. Alituambia: alikuwa amekaa na wenzake wanafunga mbegu, asubuhi, akaja mtoto mdogo wa shemeji yake ameshika karatasi iliyokunjwa. "Nilijua ni nini kabla sijaikunjua. Mume anayekaa mtaa wa pili hakuandikii barua." Maji yalikuwa yameshaanza kukupwa. Ilikuwa bamvu, na kwa mkulima wa mwani siku za bamvu ndizo siku. Maji yakishakuwa mafu hufiki shambani hata ukitaka. Akaipindia karatasi kwenye pindo la kanga, akajitwisha kamba zake, akaenda baharini na wenzake. Hakumwambia mtu. Alifunga kamba zote. Aliporudi jioni karatasi ilikuwa imelowa, wino umetawanyika, haisomeki.

"Sasa?" nikamuuliza.

"Sasa nini? Nilimpelekea salamu aandike nyingine. Ningekwenda na tope kwa kadhi?"

Tulicheka mpaka yule bwana mcha Mungu akakaa chini. Bi Mkubwa hakuwa anatafuta kuchekesha. Akaendelea, kwa sauti ileile, kwamba eda aliikalia. "Lakini mwani hauna eda. Dada yangu ndiye aliyenishikia shamba." Baada ya eda alirudi baharini, na kwa pesa za mavuno yaliyofuata alimalizia chumba chake kwenye kiwanja cha kwao.

Hivyo ndivyo tulivyolirekodi. Bwana yule hakuhitajika kutamka chochote. Kwa kweli hakuonekana kabisa kwenye tukio, na nadhani hajawahi kulipwa kwa furaha namna ile. Mtoto wa jirani alileta karatasi. Mimi nilikuwa nafunga, siutazami mkono, napiga soga na wanawake ambao si waigizaji, wakulima wenyewe, waliokuwa wananisengenyea masikioni ili nisahau kamera. Nilipokea, nikaipindia kwenye kanga. Bi Mkubwa akapaza sauti toka pembeni: "Sio upande huo, huko niliweka pesa!" Tukarudia.

Mwongozaji alitaka uso wangu kwa karibu, akitumaini chozi. Halikuja na sikulitafuta. Nilikuwa na kamba ya kumaliza. Nimeigiza machozi maisha yangu yote, na sijawahi kusikia uzito wa kuachwa kama nilivyousikia siku ile, mikono inakwenda, maji yanaondoka, hakuna nafasi ya kukaa chini. Wengine walioiona sehemu hiyo wamesema mwigizaji ni baridi. Wana haki yao. Mimi naona mtu anayefanya kazi wakati moyo umevunjika anaonekana vivyo hivyo, na ukitaka kumwona lazima umkodolee macho zaidi kuliko ulivyozoezwa.

Ulevi nao ukafutwa. Mume wa zamani yuko hai, ameoa kwingine, na tulimpelekea taarifa kupitia kwa sheha kwamba filamu inafanywa na jina lake halimo. Alirudisha ombi moja tu: huyo mtakayemweka asiwe mlevi, maana yeye pombe hajawahi kuionja. Tukamuuliza Bi Mkubwa. "Kweli, hakuwa mlevi. Alikuwa mtu mzuri, hatukuwezana." Mwongozaji alishika kichwa. Hadithi yenye mume mlevi inajiandika yenyewe. Hadithi yenye mume mzuri, mke mzuri, na godoro lililonunuliwa kwa pesa za mwani, hiyo inataka akili. Kwa maoni yangu filamu ilizaliwa siku ile, ingawa mwongozaji ataapa ilizaliwa kwenye chumba cha uhariri.

Sitaki nionekane nimeipamba njia yetu, kwa sababu nayo ilichakaa. Bi Mkubwa aligundua kwamba kila akinikosoa watu wanacheka, na mtu mwenye akili kama yake hahitaji kuambiwa mara mbili. Akaanza kunikosoa kwa kutafuta kicheko. Nilikaa sawasawa, akasema sivyo. Nikakaa alivyosema, akasema sivyo. Macho yake yalikuwa kwa mpiga picha. Alikuwa ameshamtunga mtu mpya, mama mkali mwenye maneno, na yule mtu alikuwa mtamu kweli, ila alikuwa mtu wa kutungwa, ndugu yake yule wa semina. Tulipumzika. Tukahama tukaenda kurekodi mambo ya jikoni ambayo hayakuwa na mimi wala na kukosoana, na tulipoirudia njia ile tuliitumia kwa kubana. Sijui dawa ya jambo hili na nina shaka kama ipo. Kamera inamfundisha kila inayemtazama, na ikikaa kijijini kwa muda inawafundisha hata kuku.

Walimu wangu wa sanaa za maonyesho walikuwa wakitusimulia kazi iliyofanyika Malya, mkoani Mwanza, miaka ya 1982 na 1983, ambapo Penina Muhando Mlama, Amandina Lihamba na Eberhard Chambulikazi wa Chuo Kikuu cha Dar es Salaam walikaa na wanakijiji, wakayachimbua pamoja matatizo ya pale, likiwemo la mabinti wa shule kupata mimba, wakayatengenezea ngoma na maigizo wakacheza wenyewe. Darasani niliichukua kama habari ya maendeleo, nikafaulu mtihani, nikaenda zangu kulia kwenye filamu. Uani kwa Bi Mkubwa niliielewa upya. Ubishi wa wale waliokuwa wakitazama na kusema "hapa kwetu haiwi hivyo" ndio uliokuwa mchezo wenyewe. Ile siku ya maonyesho ilikuwa kishindo cha mwisho tu.

Pesa zilileta maneno, na afadhali niyaseme. Kuna wanaoamini kwamba mtu wa makala halipwi, kwamba ukimlipa umenunua ushahidi wake. Mimi nilikuwa na mkataba na malipo ya kila siku ya kazi. Bi Mkubwa, ambaye maisha ni yake na maneno mengi ni yake, alikuwa ametengewa "zawadi". Hakugomba. Alisubiri tupange ratiba, akaona tumeweka siku za kazi juu ya bamvu kwa sababu ndipo picha za baharini zinapatikana, akasema kwa upole kwamba siku za maji mafu atakuwa nasi bure, lakini siku ya bamvu ina bei yake. Akaitaja, kwa kilo, kwa kamba, pamoja na atakachopunjika kama mwani utakatika kwa kuchelewa kuvunwa. Mtu wa fedha wa filamu alijaribu kupunguza akakuta hesabu haina pa kushika. Kuanzia hapo alilipwa kama msanii mwenzangu, na sijaona hata sentensi moja iliyoharibiwa na malipo yale. Kama ni ushahidi kununuliwa, basi ule wa semina aliotoa bure ndio uliokuwa umeshanunuliwa zamani.

Ratiba nayo tulijifunza kuisoma mwezini. Ofisi ya Dar ilituma jedwali lenye saa na dakika, mtu akalibandika ukutani, na bahari haikulisoma. Bamvu huja mwezi ukiandama na ukiwa mpevu, na saa ya maji kupwa inasogea kila siku. Msaidizi wa mwongozaji, msichana wa Kinondoni, aliishia kumuuliza Bi Mkubwa kila jioni kesho tuamke saa ngapi.

Filamu ilipokatwa, sehemu niliyodhani ndiyo kilele changu ilitolewa yote. Ilikuwa ni tukio la msichana anayeondoka kwao kwenda kuolewa, nimeliigiza vizuri, nasema bila haya. Bi Mkubwa hakuwa amesahihisha kitu siku ile, alinyamaza, tukadhani ameridhika. Mhariri aliona tulichokosa kukiona: wakati mimi naigiza, kamera ya pili ilikuwa kwake, na alikuwa anatazama baharini, hayupo nasi kabisa. Mhariri akamweka yeye, akaacha sauti yangu inasikika kwa mbali. Mwanzoni niliumia kama msanii yeyote. Baadaye nilirudi kwenye filamu ya Olfa, nikahesabu kwa macho ni mara ngapi Hend Sabry, nyota wa nchi mbili, yuko pembeni ya picha anamsikiliza mwenye kisa chake. Anafanya hivyo vizuri sana, na kusikiliza kule ndiko kuliko kugumu kuliko kupiga kelele.

Kabla ya watu wengine wowote, Bi Mkubwa alionyeshwa filamu nzima kwenye kompyuta, sebuleni kwake, na dada yake. Alikuwa na haki ya kutoa kitu, tuliandikishiana hivyo. Alitoa kimoja, mahali ambapo jirani fulani anatajwa. Kuhusu mimi alisema nimefunga mbegu chache mno kwa mtu anayetaka kumalizia chumba.

Kisha ikaonyeshwa uwanjani, shuka limetundikwa, watoto mbele, wazee kwenye viti vya plastiki. Wanawake walishangilia godoro. Tukio la karatasi lilipita kwa minong'ono, mpaka Bi Mkubwa wa kwenye shuka alipoagiza aandikiwe nyingine, hapo uwanja ukalipuka. Jambo la kuchekesha ni la baadaye. Vijana waliosambaza vipande vyake kwenye simu wamewafanya watu wengi waamini kwamba Bi Mkubwa ndiye mwigizaji, na kwamba mimi ndiye niliyeachwa. Temeke sokoni muuza dagaa amenipa pole na nyongeza juu. Yeye huko kwake wageni wanamuuliza alisomea wapi sanaa, na ameshakataa tangazo la sabuni kwa sababu, kwa maneno yake, walitaka acheke bila kumwambia anacheka nini.

Hivi karibuni nimepewa mswada mwingine wa namna hii, wa muuguzi wa zamani wa bara. Ni mzuri, una kurasa tatu za kulia. Niliomba nikutane kwanza na muuguzi mwenyewe. Mwongozaji akasema mama huyo yupo, ametoa ruhusa ya kisa chake kwa maandishi, lakini hapendi kuonekana na hataki kuja kwenye kazi. Nimemwomba amuulize kama atakubali walau nikae naye nyumbani kwake, bila kamera, nimwonyeshe nilivyopanga kumwigiza. Mkataba upo mezani, sijatia saini.